Uyoga wa Kizingiti
Sehemu ya Saba

"Usiguse, ndugu yangu! Nakuomba, usiguse!"

Hapo ndipo tulipomwacha Justa wiki iliyopita: kwenye kizuizi cha barabara pale Busisi, saa mbili asubuhi, kikapu kifuani, na kidole cha mgambo kimebakiza unene wa kucha kuufikia uyoga.

Kama gazeti la wiki jana lilifungiwa vitumbua kabla hujalisoma, sikiliza upesi, maana pantoni imekwisha kupiga honi. Chenge, mume wa Justa, dereva wa lori la ushirika, yuko rumande Mwanza. Anashtakiwa kuchoma ghala la pamba la kijiji cha Mwabulola. Shahidi pekee aliyekuwepo ghala likiwaka ni mlinzi wa ghala, mzee Ngosha. Na mzee Ngosha tangu siku ile hana sauti. Wiki ya tatu amelazwa hospitali, hajatamka hata jina lake. Kesi ni leo, saa nane mchana.

Ndiyo maana Justa alivuka kwenda ng'ambo ya Busisi, akatembea mpaka kwenye mahame ya wazazi wake, nyumba waliyohamishwa mwaka jana wakati wa Operesheni ya kuhamishia watu vijijini. Uyoga wa kizingiti huota mahali pamoja tu duniani: penye kizingiti cha nyumba iliyoachwa na wenyewe. Una rangi ya buluu ya kufulia, na unaimba. Hauna maneno. Ni ule mlio wa mtu anayeimba amefumba mdomo huku mikono ina kazi. Aliyepoteza sauti akiula, sauti humrudia. Lakini sharti uchumwe na mtu aliyezaliwa ndani ya nyumba ile, na alishe yeye kwa mkono wake. Justa alipata vichwa vitatu. Kwenye kizingiti kizima havikuwepo vingine.

Mgambo yule, Malimi kwa jina, kijana mrefu mwenye kombati iliyombana mabega, hakujali kelele zake.

"Hiki ni chakula," alisema, akakitia mkononi kichwa cha kwanza. "Na chakula hakivuki wilaya bila kiba—"

Neno halikuisha.

Uyoga ulinyamaza mkononi mwake, ukawa mweupe kama majivu, ukamomonyoka. Malimi alifungua kinywa. Akakifunga. Akakifungua tena, shingo imetoka mishipa, macho yamemtoka, na kilichosikika ni maji ya ziwa tu yakipiga mawe.

"Malimi, acha mzaha," alisema mkuu wa kizuizi. Huyu aliitwa Mihayo, mtu mfupi mwenye daftari kwapani.

Malimi alishika koo lake kwa mikono miwili, akatikisa kichwa.

"Mchawi!" Mihayo aliruka nyuma. "Mmeona wenyewe! Mwanamke huyu amemfunga mtu ulimi mchana kweupe!"

Watu waliokuwa wakisubiri kuvuka walikimbia, kisha wakarudi kutazama. Mihayo aliingia kwenye kibanda chake, na Justa akamsikia akipayuka kwenye simu ya upepo: "Mwanza, Mwanza, hapa Busisi! Tumemkamata mchawi. Jina Justa, mke wa Chenge yule wa ghala. Ndiyo. Ana dawa zake kikapuni. Zinaimba! Nasema zinaimba!"

Justa alihisi machozi ya hasira yakimpanda. Usiku mzima alilala chini ya ukuta uliobomoka wa baba yake ili alfajiri asichelewe. Na leo mtu mmoja tu aharibu yote kwa kidole chake!

"Ndugu mkuu," alimwambia Mihayo alipotoka, "ukinifunga mimi, huyu atabaki bubu mpaka kufa. Niruhusu nimlishe."

"Umlishe tena?"

Malimi mwenyewe ndiye aliyeamua. Alipiga magoti mbele ya kikapu, akafumba macho, akaachama kama mtoto anayepewa kwinini.

Justa alisita. Vimebaki viwili. Akimpa huyu, kitabaki kimoja. Asipompa, hatavuka. Alimega kichwa cha pili, akamtia kinywani.

Malimi alitafuna. Mlio ule ukaanza kusikika ndani ya kifua chake, chini kabisa, ukapanda kooni. Alipofumbua macho yalikuwa yamejaa maji.

"Kwenu mlikuwa watu tisa," alisema, sauti imemkwaruza.

Watu wakashusha pumzi. Justa akamkodolea macho. "Nani amekwambia?"

"Nimewasikia wote. Mmoja alikuwa anakohoa, mzee. Mwingine alikuwa anacheka kila akiteka maji. Dada, mlango wenu ulikuwa na bawaba moja tu. Mimi ndiye niliyeung'oa ile siku. Nilipewa amri nikaung'oa. Nisamehe."

Siku nyingine Justa angekuwa na la kumjibu. Angekuwa na mengi. Lakini pantoni ilipiga honi mara ya pili.

"Ndugu, nitakusamehe nikiwa ng'ambo. Fungua njia."

"Ngoja!" Mihayo alifungua daftari lake. "Uchawi umekwisha, sawa. Kibali kiko wapi?"

"Kibali gani?"

"Cha kuvusha chakula. Anatoa bwana shamba."

"Yuko wapi?"

"Kigongo."

"Ng'ambo?"

"Ng'ambo."

"Sasa nitavukaje kukifuata?"

"Wewe vuka. Mzigo ubaki hapa."

"Lakini ninachotaka kuvusha ni huo mzigo!"

"Ndiyo maana unahitaji kibali," alisema Mihayo, akaandika kitu.

Justa alihesabu mpaka tano kimoyomoyo. "Ndugu mkuu, hiki si chakula. Ni dawa. Umeona mwenyewe."

"Dawa ni kazi ya bwana afya."

"Naye yuko wapi?"

"Semina. Dodoma. Atarudi Jumatatu."

Justa alicheka, kicheko kikavu cha mtu aliyefika mwisho. Aliketi chini palepale kwenye vumbi, kikapu mapajani, kichwa cha mwisho kikiimba polepole ndani ya jani la mgomba.

Malimi alijifuta uso kwa mkono wa shati, akaokota bunduki yake, akasimama wima mbele ya mkuu wake.

"Mkuu, huyu ni mtuhumiwa. Mtuhumiwa hahitaji kibali. Anahitaji ulinzi. Nampeleka Kigongo chini ya ulinzi, pamoja na kidhibiti chake."

Mihayo alitazama daftari. Alifungua ukurasa mwingine, akautazama huo nao. Hakukuwa na mahali palipokataza.

"Arudi akiwa amesainiwa," alisema hatimaye.

Wakapita.

Ukidhani taabu iliishia hapo, hujawahi kuvuka na ng'ombe. Walikuwepo arobaini kasoro, wa mnadani, na mmoja wao alilala kwenye daraja la pantoni akakataa kunyanyuka. Walimvuta mkia. Walimmwagia maji. Mwenye ng'ombe alimwimbia. Justa alisimama ukingoni, akilitazama jua kama mtu anayemtazama mwizi akiondoka na mali yake. Walipoteremka Kigongo ilikuwa saa nne na nusu, na basi la saa nne lilikuwa limeondoka saa tatu.

"Kwa nini saa tatu?" aliuliza.

"Lilijaa," alijibiwa.

Malimi alisimamisha lori la dagaa kwa kuliinulia bunduki, akampandisha Justa juu ya magunia, kisha akabaki barabarani ameduwaa kama anayetaka kusema jambo. Lori liliondoka kabla hajalipata. Dereva alisimama Usagara kusalimia wakwe. Alisimama Nyegezi kutia maji kwenye rejeta. Kila liliposimama, Justa aliinamisha sikio kwenye kikapu. Uyoga ulikuwa bado unaimba, lakini sasa ilimbidi azuie pumzi ndipo ausikie.

Alifika hospitali saa nane kasoro dakika ishirini, ananuka dagaa kutoka utosini hadi kwenye vidole vya miguu.

"Kuona wagonjwa ni saa kumi," alisema mlinzi wa geti.

"Kesi ni saa nane!"

"Mimi naongelea wagonjwa, mama. Kesi ni mahakamani."

Sijui ni maneno gani Justa aliyasema hapo, na hata ningeyajua mhariri asingeyaruhusu. Najua tu kwamba yalimtoa nesi wodini. Nesi Bernadeta, Mhaya mnene mwenye miwani, ndiye aliyekuwa akimhudumia mzee Ngosha tangu siku ya kwanza. Alimtazama Justa, akalitazama tope la miguu yake, akamshika mkono.

"Huyu ni ndugu wa mgonjwa wangu," alimwambia mlinzi. "Pita, mama. Dakika kumi."

Kitanda cha mzee Ngosha kilikuwa cha mwisho, kimezungushiwa pazia. Mzee alikuwa ameegemea mto, nywele nyeupe, mkono wa kushoto umefungwa bendeji. Bernadeta aliwaacha wawili ndani, akavuta pazia, akaenda kitanda cha jirani kubadilisha shuka.

"Shikamoo babu."

Mzee aliitikia kwa kichwa.

"Nimekuletea sauti yako." Justa alipiga magoti kando ya kitanda, akafunua jani la mgomba. "Usiuguse, babu. Kuna mgambo huko Busisi ameugusa, sauti yake ikakatika kama uzi. Wewe fungua kinywa tu, mimi nitakulisha. Kisha utakwenda mahakamani kusema uliyoyaona, na Chenge atarudi nyumbani. Basi. Sihitaji kingine."

Uyoga, labda kwa kuwa karibu na mgonjwa, uliinua mlio wake. Ulijaza pazia lote. Justa aliusogeza kwenye midomo ya mzee.

"Ondoa!" alifoka mzee Ngosha. "Ondoa hicho kitu!"

Justa aliganda.

Mzee naye aliganda. Alijifunika mdomo kwa kiganja, lakini maneno yalikwisha kutoka, na yalitoka mazima, sauti nzito ya mtu aliyezoea kuita ng'ombe bondeni.

"Unaongea," alisema Justa polepole. "Babu, kumbe unaongea!"

"Punguza sauti, mjukuu wangu."

"Tangu lini?"

Mzee alitazama paa. "Tangu siku zote. Sauti yangu haijaenda popote."

Wiki tatu, msomaji! Wiki tatu Justa alipanga foleni za madaktari, alimbembeleza katibu wa ushirika, alilala nje, alivuka ziwa, alikamatwa, alibebwa juu ya dagaa. Na mzee alikuwa amelala hapa, na sauti yake kifuani, anakula uji.

"Kwa nini?" Alitaka kupiga kelele, ikatoka kama mnong'ono.

"Kiko changu," alisema mzee Ngosha. "Nililala na kiko mdomoni, mchana, juu ya marobota ya pamba. Nilipoamka moto ulikuwa miguuni. Chenge alikuwa anapita na lori. Akaingia, akanibeba begani, akanitoa. Watu walipofika walimkuta yeye mlangoni, ana masizi, na mimi nimezimia. Nilipozinduka nikasikia wanasema, dereva kachoma ghala. Nikasema moyoni, nitasema kesho. Kesho ikawa kesho. Mjukuu wangu, nina miaka sabini na mbili. Wanasema kuchoma mali ya umma ni hujuma. Nitafia jela."

"Na Chenge?"

"Chenge bado kijana."

"Alikubeba begani, babu!"

"Najua alinibeba! Unadhani nasahau? Kila nikifumba macho naona bega lake!" Mzee alianza kulia, kilio kibaya cha kiume kisicho na machozi. "Lakini siwezi. Nimejaribu. Siwezi."

Justa alisimama. Hasira ilikuwa imempita, ikamwacha mtulivu kabisa. "Utaweza. Leo saa nane utasimama mbele ya hakimu utasema haya haya. Nitakubeba mimi kama yeye alivyokubeba. Inuka."

Mzee alimtazama. Kisha akautazama uyoga uliokuwa bado kwenye jani, juu ya blanketi. Justa aliona macho yake yakienda huko, akaelewa, akarusha mkono.

Alichelewa.

Mzee Ngosha aliukamata uyoga kwa kiganja kizima, akaufinya.

Mlio ukakatika. Majivu meupe yakamchuruzika katikati ya vidole. Alifungua kinywa kama mtu anayehakikisha mlango umefungwa, na hakikutoka kitu. Akalala, akageukia ukutani.

Justa alimtikisa. "Babu! Babu Ngosha!" Alimtikisa mpaka kitanda kikagonga ukuta. Safari hii ububu ulikuwa wa kweli, na kizingiti cha kwao kilikuwa kitupu.

Pazia lilifunguliwa. Nesi Bernadeta alikuwa amesimama na shuka chafu mikononi, miwani imemteleza puani.

"Nimesikia yote," alisema.

Justa alimkazia macho. "Utasema mahakamani?"

"Nina zamu mpaka saa kumi na mbili. Matroni akinikosa nimekwisha." Aliziweka shuka chini. "Siku zote nilimlisha uji kwa kijiko, nikamwonea huruma. Twende."

Walikimbia. Bernadeta hakuumbwa kwa mbio, lakini alikimbia, viatu vyeupe vikipiga lami, na wauza machungwa wakampisha wakidhani kuna mtu anakufa. Walipoipita saa ya mnara ilikuwa saa nane na robo.

Kwenye baraza la mahakama alikuwa ameketi Dorotea, mama yake Chenge, kanga ameivuta mpaka machoni. Alipomwona Justa alishtuka kama aliyeona mzimu.

"Wewe! Umetokaje? Wamesema umekamatwa Busisi!"

"Mama, nipishe, nina shahidi."

"Sikiliza kwanza!" Dorotea alimng'ang'ania mkono. "Habari ililetwa asubuhi, kwamba mke wa Chenge amekamatwa na dawa za uchawi. Askari mmoja akamwambia mwanangu, ukikubali kosa mkeo ataachiwa, ukikataa mtafungwa wote wawili. Na wewe ukionekana hapa, mwanangu, watasema umetoroka!"

Justa alijinasua, akasukuma mlango.

Chumba kilikuwa kimejaa. Hakimu Rugemalira alikuwa ameinamia jalada lake. Kizimbani alisimama Chenge, amenyolewa kipara, amekonda, mikono nyuma. Hakutazama mlangoni. Alikuwa anaongea.

"Mheshimiwa, sina haja ya shahidi. Nakiri. Ghala nililichoma mimi."

"Muongo!" Justa alipaza sauti. "Mheshimiwa, huyo mtu anadanganya! Hakuchoma kitu! Nesi huyu amesikia kwa masikio yake, alichoma—"

"Kimya!" Hakimu aligonga meza. Askari wawili walikuwa wamekwisha kumshika Justa mabega. "Mama, wewe ni nani katika kesi hii?"

"Ni mke wake!"

Minong'ono ilizuka. Mwendesha mashtaka alisimama haraka, karatasi mkononi. "Mheshimiwa, mke wa mshtakiwa yuko mikononi mwa mgambo wa Busisi tangu asubuhi. Kama huyu kweli ndiye, basi ametoroka, na naomba akamatwe sasa hivi."

Hakimu alivua miwani. Alimtazama Justa, akamtazama Chenge.

"Mshtakiwa. Geuka. Mwanamke huyu unamfahamu?"

Chenge aligeuka. Alimtazama Justa kuanzia kilemba kilichojaa magamba ya dagaa mpaka kwenye miguu ya tope. Alimtazama kwa muda mrefu, kama anayetaka kumweka mahali asipoibiwa. Justa alitikisa kichwa. Hapana, Chenge. Usithubutu. Tuna shahidi, yuko hapa, amesimama nyuma yangu anahema.

"Simfahamu, Mheshimiwa," alisema Chenge. "Sijawahi kumwona."

Kalamu ya karani ikaanza kutembea.